Chama Kipya cha Kushoto Kitasimama juu ya Nini?

Tarehe 25 Juni 2024 vijana wa Kenya waliingia katika majengo ya Bunge jijini Nairobi wakipinga Mswada wa Fedha, na kesho yake Rais William Ruto akatangaza kwamba hatautia saini. Walikuwa wamekwishajitambulisha kuwa watu wasio na kabila, wasio na kiongozi na wasio na chama. Hata hivyo madai yao yalikuwa na sura ya kisiasa iliyo wazi: kodi isimlemee mwenye kipato kidogo, deni la taifa likaguliwe, hospitali na shule za umma zipate fedha kabla ya anasa za wakubwa. Popote duniani hayo ni madai ya mrengo wa kushoto. Tangu siku zile mazungumzo ya kuunda chama kipya cha kuyabeba hayajaisha, nami ni mmoja wa wanaotamani chama hicho kipatikane. Ndiyo maana naona ni lazima kwanza tutazame yaliyovipata vyama vya aina hiyo vilivyotangulia hapa kwetu.

Vyama hivyo havikukosa watu wenye akili wala ujasiri. Vingi vilizaliwa juu, kwa mpasuko wa viongozi ndani ya chama kikubwa, wakati ambapo vyombo vya wafanyakazi na wakulima ambavyo vingevibeba vilikuwa vimeshatwaliwa na dola. Serikali zetu, za kijamaa na za kibepari, zililielewa jambo hili mapema kuliko wapinzani wao. Zilianza na vyama vya wafanyakazi.

Kilichoishi muda mfupi kuliko vyote ni Umma Party cha Zanzibar. Kiliundwa katikati ya mwaka 1963, pale Abdulrahman Babu, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Zanzibar Nationalist Party, yaani Hizbu, alipotoka na kundi la vijana wa chama hicho. Babu alikuwa amemaliza kifungo cha uchochezi mwaka uleule. Uchaguzi wa Julai ulipofika Umma hakikusimamisha wagombea, na matokeo yake yalikuwa ya kuumiza: Afro-Shirazi Party (ASP) ilipata asilimia 54 ya kura lakini viti 13 tu kati ya 31, na serikali ikaundwa na ZNP pamoja na mshirika wake ZPPP. Uhuru ulikuja tarehe 10 Desemba. Mwanzoni mwa Januari 1964 serikali hiyo ikakipiga marufuku Umma, Babu akavuka kwenda Dar es Salaam, na tarehe 12 Mapinduzi yakatokea.

Kwa chama chenye umri wa miezi sita hivi, nafasi waliyopata makada wake baada ya Mapinduzi ilikuwa kubwa ajabu. Babu akawa Waziri wa Mambo ya Nje. Salim Ahmed Salim, kijana wa miaka 22, akapelekwa Misri kuwa balozi. Sababu ni kwamba Umma hakikuanza siku kilipotangazwa. Watu wake walikuwa tayari ndani ya vyama vya wafanyakazi, hasa kupitia Federation of Progressive Trade Unions. Walikuwa na gazeti la ZaNews. Na walikuwa wamekusanya vijana wa asili mbalimbali katika visiwa ambavyo siasa yavyo iligawanyika kwa asili. Bila mbunge hata mmoja, walikuwa na watu bandarini na mitaani. Kisha, miezi michache baada ya Mapinduzi, wakakivunja chama chao na kuingia ASP, na vyama vya wafanyakazi vikawekwa chini ya chama tawala. Babu alipoondolewa serikalini mwaka 1972 na kukaa gerezani hadi 1978, hakukuwa tena na tawi wala chama cha wafanyakazi cha kumsemea.

Kenya Peoples Union (KPU) inastahili kutazamwa kwa muda mrefu zaidi, kwa sababu ndiyo iliyokuwa na kila kitu ambacho waasisi wa chama kipya leo wangekitamani: Makamu wa Rais, mawaziri, wapigania uhuru wenye makovu, na sera inayoeleweka hata na asiyesoma.

Wafanyakazi wa Kenya walikuwa wamejipanga muda mrefu kabla ya wanasiasa. Januari 1947 Mombasa ilisimama kwa mgomo mkuu ulioleta African Workers Federation ya Chege Kibachia, na kabla ya mwaka kwisha serikali ya kikoloni ilikuwa imemkamata na kumpeleka uhamishoni. Mwaka 1949 Makhan Singh na Fred Kubai wakaanzisha East African Trade Union Congress. Singh alikamatwa Mei 1950 akaachiwa mwaka 1961. Huo ndio udongo ambamo siasa ya akina Bildad Kaggia ilimea. Kaggia mwenyewe alitoka katika vyama vya wafanyakazi, akahukumiwa Kapenguria pamoja na Jomo Kenyatta, na baada ya uhuru akawa naibu waziri.

Ugomvi wao ulikuwa juu ya ardhi. Serikali ya uhuru ilichagua kuwanunua walowezi kwa mikopo ya Uingereza, na Mwafrika aliyegawiwa shamba alitakiwa kulipa deni hilo. Kaggia aliona si haki mtu alipe ili arudishiwe ardhi aliyonyang'anywa, na kwamba wasio na chochote, wakiwamo waliopigana msituni, wangeachwa nje. Mwaka 1964 akatoka serikalini. Mwaka uliofuata Kenyatta alikwenda Kandara, jimboni kwa Kaggia, akamuuliza mbele ya umati amejifanyia nini, huku akimlinganisha na wenzake wa Kapenguria waliokwisha kujipatia mali. Kipimo cha uongozi kikawa kimebadilika hadharani: asiyejitajirisha ndiye aliyetakiwa kujieleza.

Mambo mengine yalifuatana kwa kasi. Pio Gama Pinto, aliyekuwa mpangaji hodari kuliko wote katika kambi ya akina Kaggia, aliuawa kwa risasi Nairobi tarehe 24 Februari 1965. Mwaka huohuo serikali ilitoa Sessional Paper namba 10, hati iliyobeba jina la ujamaa wa Kiafrika huku ikilinda mali binafsi na mtaji wa nje. Mkono wa Tom Mboya ulionekana ndani yake. Halafu, Septemba 1965, yakavunjwa mashirikisho mawili ya wafanyakazi yaliyokuwa yakishindana, likaundwa moja, COTU, ambalo Rais alikuwa na kauli katika uteuzi wa Katibu Mkuu wake.

Hapo ndipo naona mchezo ulipoamuliwa. Mkutano wa chama tawala, KANU, wa Limuru wa Machi 1966, uliofuta cheo cha makamu mmoja wa chama na kuweka wanane wa majimbo ili kumwondoa Jaramogi Oginga Odinga, unasimuliwa sana kwa sababu ulikuwa na tamthilia yake. COTU haisimuliwi sana. Lakini Odinga alipojiuzulu umakamu wa Rais mwezi Aprili na kuongoza KPU, naye Kaggia akawa naibu wake, Achieng Oneko akiacha uwaziri kuwafuata, walikuta chombo ambacho kingewapa wanachama wanaolipa ada, ukumbi wa mkutano na mgomo wa kuunga mkono kimeshakuwa mkononi mwa dola. Baadhi ya viongozi wa wafanyakazi waliothubutu kuwa upande wao waliwekwa kizuizini kabla mwaka haujaisha, chini ya sheria mpya ya usalama wa umma.

Waliobaki na KPU walikuwa wabunge, na wabunge wana dawa yao. Ndani ya siku chache katiba ilibadilishwa ili anayehama chama apoteze kiti. Katika uchaguzi mdogo wa Juni 1966 viti 29 vilishindaniwa, 19 vya Baraza la Wawakilishi na 10 vya Seneti. KPU ikapata tisa. Kaggia alishindwa Kandara, na ushindi mwingi ukatoka Nyanza ya Kati, nyumbani kwa Odinga.

Wengi huyasoma matokeo hayo kama ushahidi kwamba Mkenya hupigia kura kabila tu. Mimi nayasoma kwa namna nyingine. Mkulima wa Kandara aliyekuwa akisubiri hati ya shamba, mkopo wa mbegu na shule ya mtoto, vyote kutoka kwa ofisa wa serikali, alikuwa na sababu nzito ya kuogopa kuonekana na KPU. Angethubutu kama angekuwa mwanachama wa umoja wa wakulima wenye nguvu ya kumlinda baada ya kura. Umoja huo haukuwepo. Mahali ambapo hakuna chombo cha kitabaka, ukoo na eneo hubaki ndiyo kinga pekee ya mtu wa kawaida, na chama chenye sera ya nchi nzima hujikuta kimefungiwa kona moja ya nchi.

Congo inathibitisha jambo hilihili kwa njia yake. Antoine Gizenga, mrithi wa Lumumba, aliunda chama cha PALU mwaka 1964, akavumilia uhamisho wa miaka mingi, na mwaka 2006 akawa wa tatu katika kura za urais kwa takriban asilimia 13. Nguvu hizo zilikuwa hasa za eneo lake la Bandundu. Aliziuza kwa uwaziri mkuu katika serikali ya Joseph Kabila.

KPU yenyewe ilimalizwa kwa hatua. Katika uchaguzi wa serikali za mitaa wa 1968 wagombea wake walienguliwa kwa madai kwamba fomu zao zilikuwa na kasoro. Mwaka 1969 bado ilikuwa na uwezo wa kushinda uchaguzi mdogo wa Gem. Kisha Mboya akauawa tarehe 5 Julai, hasira zikapanda, na tarehe 25 Oktoba, Kenyatta alipokwenda Kisumu kufungua hospitali iliyojengwa kwa msaada wa Urusi, askari waliufyatulia umati risasi. Hesabu ya serikali ilikuwa watu 11 waliokufa. Siku tano baadaye KPU ikapigwa marufuku na viongozi wake wakatiwa kizuizini. Odinga alijaribu tena mwaka 1982 pamoja na George Anyona. Kabla chama chao cha kisoshalisti hakijasajiliwa, Bunge likapitisha kifungu cha 2A kuifanya Kenya nchi ya chama kimoja kisheria.

Tanganyika, na baadaye Tanzania, ilifika palepale kwa barabara ya ujamaa. Baada ya maasi ya jeshi ya Januari 1964, viongozi wa vyama vya wafanyakazi walikamatwa, Tanganyika Federation of Labour ikavunjwa, na mahali pake pakawekwa NUTA, jumuiya moja chini ya serikali na chama tawala, TANU. Azimio la Arusha lilikuja miaka mitatu baadaye. Sitalipuuza Azimio: lilitaifisha benki na viwanda vikubwa, likawawekea viongozi miiko ya kutojilimbikizia mali, na likatupa lugha ya haki ambayo Mtanzania bado anaitumia kumhoji kiongozi wake. Lakini lilishuka kutoka juu kwa watu ambao vyombo vyao huru vilikuwa vimeshafungwa. Wakulima wa Ruvuma, walioanza kuishi na kulima pamoja Litowa kabla Azimio halijaandikwa, walivunjiwa chama chao, Ruvuma Development Association, na TANU yenyewe, Septemba 1969. Mwongozo wa TANU wa 1971 ulipowaambia wafanyakazi wasikubali ubwana wa wakubwa wao, waliuchukua kwa uzito. Migomo ikaenea, na mwaka 1973 wafanyakazi wa kiwanda cha raba cha Mount Carmel, Dar es Salaam, wakakitwaa kiwanda. Serikali ililizima wimbi hilo. Dola la kijamaa lilikuwa limekutana na wajamaa wasiolitii, na halikuwapenda.

Matokeo yake yalionekana mwaka 1992. Tume ya Jaji Francis Nyalali ilikuta wananchi wengi sana wakitaka chama kimoja kiendelee, lakini ikapendekeza vyama vingi. Kufikia wakati huo CCM, mrithi wa TANU na ASP, ilikuwa imeshalegeza miiko ya Arusha huko Zanzibar mwaka 1991. Mtu angetegemea chama kikubwa cha upinzani kitokee kushoto kuudai urithi ulioachwa njiani. Haikuwa hivyo. CHADEMA kiliasisiwa na Edwin Mtei, gavana wa kwanza wa Benki Kuu, ambaye mwaka 1979 aliacha Wizara ya Fedha kwa kutofautiana na Mwalimu Nyerere juu ya IMF. CUF ilijiunga na umoja wa kimataifa wa vyama vya kiliberali. Upinzani ulilalamikia ufisadi na kudai katiba mpya, mambo ya haki kabisa, lakini swali la nani amiliki nini liliachwa bila mwenyewe.

Miaka 22 ikapita kabla ACT-Wazalendo hakijasajiliwa, Mei 2014. Zitto Kabwe alijiunga nacho Machi 2015 baada ya kufukuzwa CHADEMA, na Juni mwaka huo chama kikatoa Azimio la Tabora, hati iliyotaka kulifufua Azimio la Arusha kwa sura ya ujamaa wa kidemokrasia, ikirudisha miiko ya uongozi na kiongozi kutangaza mali zake. Kwa kijana aliyezaliwa baada ya Rais Mwinyi kulegeza uchumi kwa siasa yake ya ruksa, ilikuwa mara ya kwanza kusikia chama cha upinzani kikilitaja neno ujamaa bila aibu. Naamini hilo lilikuwa tendo la maana, na bado nalithamini.

Katika uchaguzi wa mwaka huo, hata hivyo, ACT kilipata kiti kimoja tu cha ubunge wa jimbo, cha Zitto, Kigoma Mjini, na mgombea wake wa urais, Anna Mghwira, akaambulia kura pungufu ya 100,000. Kilichofuata kinafundisha zaidi kuliko kura hizo. Mwaka 2017 Rais John Magufuli alimteua Mghwira kuwa Mkuu wa Mkoa wa Kilimanjaro, na Kitila Mkumbo, mmoja wa wanafikra waliokiasisi chama, kuwa katibu mkuu wa wizara. Mkumbo baadaye akawa mbunge na waziri wa CCM. Teuzi chache zilitosha kuchukua sehemu kubwa ya ubongo wa chama, kwa sababu ubongo huo ulikuwa watu wachache walioketi Dar es Salaam.

Kisha Machi 2019 Maalim Seif Sharif Hamad akahama kutoka CUF na wafuasi wake kwa wito wa "shusha tanga, pandisha tanga". Ndani ya siku chache ACT kikawa chama kikuu cha upinzani Zanzibar. Kilipata kile ambacho chama cha kushoto hukiota, wanachama wengi wenye nidhamu na matawi yaliyo hai. Ila wanachama hao walikuja na jambo lao, haki ya Zanzibar ndani ya Muungano na ushindi walioamini kuwa wamenyang'anywa, na walitoka chama cha kiliberali. Azimio la Tabora halikufutwa, lilifunikwa. Mwaka 2020 mgombea wa urais wa Muungano alikuwa Bernard Membe, waziri wa zamani wa mambo ya nje wa CCM. Mwaka 2025 akateuliwa Luhaga Mpina, naye kutoka CCM, kabla jina lake halijaondolewa katika kinyang'anyiro. Siwalaumu viongozi wa ACT kwa kutafuta njia ya kuishi katika mazingira magumu mno. Ninachosema ni kwamba chama kisicho na msingi wake chenyewe hukaliwa na msingi wa yeyote atakayeingia nao.

Kuna ugumu mwingine ambao ni wa Tanzania peke yake. Ibara ya 3 ya Katiba bado inaitaja Jamhuri ya Muungano kuwa nchi ya kijamaa. Mchimbaji mdogo wa Geita au mama lishe wa Kariakoo anayesikia kuwa chama kipya kinataka ujamaa ana haki ya kuuliza: huu tulio nao ni upi?

Sheria nazo zina upande wake. Tanzania inataka chama kiwe na wanachama wasiopungua 200 katika kila mkoa kati ya mikoa kumi, miwili ikiwa ya Zanzibar, mmoja Unguja na mmoja Pemba. Kenya inataka wapiga kura 1,000 katika kila kaunti kwa zaidi ya nusu ya kaunti zote 47, yaani watu 24,000 kwa uchache. Lengo ni kuzuia vyama vya kikabila na kidini, na ni lengo jema. Lakini sheria hizi hupima mtawanyiko, hazipimi kina. Mtu mwenye fedha za kukodi magari na kukusanya saini hufaulu mtihani huo kwa wiki chache. Wafanyakazi 5,000 wa mashamba ya maua ya Naivasha, hata wakiwa na umoja wa chuma, hawatoshi kuwa chama.

Kenya ya leo ina chama kinachojiita cha kikomunisti, kilichotokana na Social Democratic Party iliyomsimamisha Charity Ngilu kugombea urais mwaka 1997, na kubadili jina mwaka 2019. Mwaka 2022 mwenyekiti wake, Mwandawiro Mghanga, alimuunga mkono Ruto, chama kikapasuka, na upande uliobaki ukajipa jina jipya mwaka 2024. Mpasuko huo una maelezo yake. Mwaka 2022 mtu aliyezungumza lugha ya tabaka kwa sauti kubwa zaidi nchini alikuwa Ruto mwenyewe, mahasla dhidi ya koo za kifalme, mama mboga na bodaboda kwanza. Mgombea tajiri aliokota madai yaliyolala bila mwenyewe, akashinda nayo, kisha Miswada ya Fedha ikawafikia mahasla walewale. Hasira ya Juni 2024 ilikuwa kali kiasi kile kwa sababu watu walikuwa wameahidiwa kwa lugha yao.

Basi msingi uko wapi sasa? Kiwanda na bandari haviajiri sehemu ile ya watu viliyoajiri siku za Kibachia. Walio wengi wanajiajiri au wanafanya kibarua cha siku, na bosi wa dereva wa teksi ya mtandaoni ni programu iliyo kwenye simu. Lakini kuna vyombo. Madaktari wa hospitali za umma Kenya waligoma siku 100, kuanzia Desemba 2016 hadi Machi 2017, wakidai mkataba uliosainiwa mwaka 2013 utekelezwe, na viongozi wao wakaonja jela bila kukubali kusalimu amri. Vituo vya haki za kijamii vya Mathare na mitaa mingine ya Nairobi vimekuwa vikiorodhesha mauaji ya polisi na kudai maji kwa miaka mingi kabla ya kamera za 2024. Tanzania ina MVIWATA, mtandao wa vikundi vya wakulima ulioanzia Morogoro mwaka 1993. Hakuna kimoja kati ya hivi ambacho ni chama cha siasa, na vingi vina sababu njema ya kuwaogopa wanasiasa wanaokuja kuomba kuvibeba. Chama cha kushoto kinachotaka kudumu kingepaswa kuundwa na vyombo hivi, wajumbe wao wakiteua wagombea na ada yao ikilipa ofisi, badala ya kuundwa hotelini na wabunge wanne kisha kuvialika.

Kwa Kenya, uchaguzi wa Agosti 2027 uko karibu mno kwa urais, na fedha zitakazomwagwa huko haziwezi kushindanwa. Lakini wadi ni 1,450, na katiba ya 2010 inamruhusu mgombea huru, mradi asiwe amekuwa mwanachama wa chama chochote kwa miezi mitatu kabla ya uchaguzi. Vituo vya Mathare, Kayole au Likoni vinaweza kusimamisha watu wao kwa mabaraza ya kaunti bila kusajili chama kwanza, wakajifunza kuhesabu kura, kulinda fomu na kumwajibisha mtu wao mmoja, na kuomba usajili wakiwa na madiwani mkononi. Mkulima wa MVIWATA hana njia hiyo. Mahakama ya Afrika iliyoko Arusha iliamua Juni 2013, katika shauri la Mchungaji Christopher Mtikila, kwamba kumzuia mgombea binafsi ni kukiuka haki zake, na Tanzania haijabadilisha sheria. Kwake lazima apite ndani ya chama kilichopo au atafute wenzake 200 katika kila mkoa wa mikoa kumi, Pemba na Unguja zikiwamo, jambo ambalo mtandao wa wakulima unaliweza kuliko kundi lolote la wanasiasa wa Dar es Salaam, siku utakapoamua kwamba unalitaka.